UZI: Nimebuni nadharia ya fahamu, uwezekano na uhalisia. Njooni muivunje

#1 (mleta uzi)

Wakuu, salaam.

Kila mada ya fahamu na fizikia ya kwanta ikianzishwa humu, kurasa mbili hazipiti inageuka mahubiri. Mmoja anasema akili inaumba ulimwengu, wa pili anamwita mjinga, wa tatu anashusha aya, uzi unakufa. Mimi sina shida na madai ya "akili inaumba uhalisia" kwa sababu ni ya ajabu. Fizikia ina maajabu kuyazidi hayo. Shida yangu ni kwamba hayagharimu kitu. Kesho likitokea lolote, mwenye dai atasema si niliwaambia.

Basi nimekaa nikabuni nadharia yangu. Ni ya kubuni tupu, sijaitoa kwa mwanasayansi yeyote, na wala siiamini. Ila nimehakikisha ina shingo, ili mwenye panga ajue pa kukata.

Msingi kwanza, wanaoujua waruke aya tatu.

Ukirusha elektroni moja moja kuelekea kizuizi chenye nyufa mbili, kila moja inatua ukutani kama nukta. Nukta za mwanzo zinaonekana kutapakaa ovyo. Zikiwa maelfu, unaona zimejipanga kwa mistari, mingine minene, mingine mitupu, kama vile kila elektroni ilipita kote kuwili kwa mfano wa wimbi. Akira Tonomura na wenzake wa Hitachi kule Japani walilionyesha hilo waziwazi mwaka 1989, nukta baada ya nukta. Wimbi lenyewe halina bahati nasibu hata chembe. Mlinganyo wa Schrödinger unaliendesha kwa uhakika kabisa. Bahati inaingia pale tu unapouliza: imetua wapi?

Max Born ndiye aliyetoa jibu mwaka 1926. Chukua ukubwa wa wimbi mahali fulani, upandishe kipeo cha pili, umepata uwezekano wa kuikuta chembe hapo. Kinachonichekesha kila nikikumbuka ni kwamba hicho kipeo cha pili kilikuja kwenye makala yake kama tanbihi, aliyoiongeza wakati wa kusahihisha prufu. Tanbihi hiyo ikawa moja ya kanuni zilizopimwa kuliko karibu kila kitu kwenye sayansi, na mwaka 1954 akapewa Nobel.

Fahamu iliingiaje? John von Neumann, mwaka 1932, alionyesha kwamba hesabu haikuambii bahati inaingia hatua ipi: kwenye kihisio, kwenye jicho, au kwenye ubongo. Unaweza kukata popote. Mwaka 1961 Eugene Wigner akathubutu kusema mnyororo unakatikia kwenye fahamu. Baadaye aliachana na wazo hilo mwenyewe, na kazi ya H. Dieter Zeh ya 1970 ilichangia sana. Nitawaachia wadau waeleze, najua mtakuja nayo.

Sasa nadharia. Naiita Nadharia ya Kipeo.

Kipeo cha Born si 2 kamili. Ni 2 + kF. F ni kiwango cha fahamu ya anayepokea tokeo, kutoka 0 hadi 1. Mashine isiyo na fahamu ina F sawa na 0, nayo inabaki na Born yule yule. Mtu aliye macho ana F karibu na 1. Herufi k ni namba ndogo ya kimaumbile isiyobadilika, kama kasi ya mwanga isivyobadilika. Baada ya kupandisha kipeo, unagawanya kwa jumla ili uwezekano wote ubaki 1. Nadharia nzima ndiyo hiyo.

Tazameni inachosema. Tuseme kF ni 0.01, na kuna tukio lenye uwezekano wa 90 kwa 10. Uwiano wa mawimbi ni 3 kwa 1. Kwa kipeo cha 2 unapata 9 kwa 1. Kwa kipeo cha 2.01 unapata takriban 9.1 kwa 1. Yaani mbele ya mtu mwenye fahamu, tukio la asilimia 90 linakuwa asilimia 90.1. Hiyo tu.

Sasa angalia mwelekeo. Fahamu *haivuti* miujiza! Inalipa nguvu lile ambalo tayari lilikuwa linaelekea kutokea. Dunia inayotazamwa inakuwa ya kawaida zaidi kuliko dunia isiyotazamwa. Wale wa "waza mamilioni yaje" nadharia hii inawanyima hata senti.

Na kama uwezekano ni nusu kwa nusu, mabadiliko ni sifuri. 1 ukiipandisha kipeo chochote inabaki 1.

Naomba kuwasilisha.

#2

Mkuu, hicho ulichotumia leo kipimo chake kilikuwa 2 au 2.01?

#3

Mleta uzi umeongea vizuri ila umeogopa kufika mwisho. Wahenga walishajua kwamba kila kitu ni fahamu. Wewe unaiweka fahamu iwe kijinamba mgongoni mwa kipeo. Mimi nimewahi kuwaza mtu na dakika hiyo hiyo simu ikaita, ni yeye. Hapo utasema nini?

#4 (mleta uzi)

@#3, nitauliza ni mara ngapi uliwaza mtu na simu isiite. Hizo hukuziandika popote, si ndiyo? Uwezekano hauhesabiwi kwa upande mmoja wa daftari.

Nikuongezee jambo litakalokupendeza nusu. Chuo Kikuu cha Princeton kilikuwa na maabara iliyofanya kazi kuanzia 1979 hadi 2007, chini ya Robert Jahn, ambako watu walikaa mbele ya mashine za namba nasibu wakijaribu kuzisukuma kwa nia tu. Walitangaza msogeo mdogo mno. Kisha maabara tatu zikashirikiana kurudia, Princeton yenyewe ikiwemo, na ripoti yao ya mwaka 2000 ikasema athari kuu haikuonekana.

Nadharia yangu ingekuambia mapema wasingeona kitu, maana mashine zile zilikuwa za nusu kwa nusu.

#5

Hapo hapo nimekushika. Umejenga nadharia ambayo inakaa kimya mahali penye data nyingi kuliko pote. Ujanja huo ni wa zamani. Halafu maswali mawili. F unaipimaje? Ukisema "kiwango cha fahamu" bila kifaa cha kupimia, umerudi kwenye mahubiri yale yale uliyoyakataa. La pili, fahamu haihitajiki kabisa kuondoa mistari ya wimbi. Vienna mwaka 2004 walichukua molekuli za kaboni 70, wakazipasha kwa leza, wakazipitisha kwenye kifaa cha kuonyesha mwingiliano wa mawimbi. Zikiwa za baridi kiasi, mistari ipo. Kadiri zinavyozidi kuwa za moto zinatoa fotoni (chembe za mwanga) zenyewe, fotoni zinabeba taarifa ya molekuli ilipo, na mistari inafifia hadi inatoweka. Hakuna mtu aliyekuwa amesimama pembeni akizitazama hizo fotoni. Mazingira yanatosha. Ndicho Zeh alichokuwa anasema tangu 1970.

#6 (mleta uzi)

Huyu ndiye niliyekuwa namsubiri.

Kuhusu F: kipo kipimo kizuri kuliko wengi wanavyodhani. Mwaka 2013 timu ya Marcello Massimini na Adenauer Casali ilitoa njia hii. Unaupiga ubongo mshtuko wa sumaku kutokea nje ya fuvu, unarekodi mwitikio wa umeme kwa EEG (vihisio vya umeme wa ubongo vinavyobandikwa kichwani), kisha unaubana mwitikio ule jinsi kompyuta inavyobana faili. Ubongo ulio macho unajibu kwa namna tata, isiyobanika kirahisi. Ubongo ulio kwenye usingizi mzito au dawa ya nusukaputi unajibu kwa mwangwi rahisi, unabanika sana. Kinatoka kipimo kati ya 0 na 1, na utafiti uliofuata uliweka mpaka kwenye 0.31: juu yake fahamu ipo, chini yake haipo. Sisemi ndiyo fahamu yenyewe. Nasema ni namba, inapimika kitandani, na inapanda na kushuka pamoja na fahamu. Kwa F yangu inatosha.

Kuhusu Vienna: nakubaliana na kila neno, na hainigusi. Sikusema fahamu inaondoa mistari. Mazingira yafanye kazi hiyo. Mazingira yanakuachia orodha ya matokeo yanayowezekana, kila moja na uzito wake, yaani uwezekano wake. Nadharia yangu inagusa uzito tu, mara moja, pale tokeo linapofika kwa mwenye fahamu. Kwa hiyo sihitaji kwanta ndani ya ubongo pia. Wale waliotaka kunipiga kwa hesabu za mwanafizikia Max Tegmark za mwaka 2000 (kwamba hali za kwanta kwenye neva zinavunjika ndani ya sekunde 10⁻¹³ hadi 10⁻²⁰, wakati neva inahitaji sehemu moja ya elfu ya sekunde au zaidi) wawapelekee Penrose na Hameroff, wanaodai fahamu inatokana na kwanta ndani ya ubongo. Mimi sipo huko.

La ukimya kwenye nusu kwa nusu, ni kweli linatia shaka. Ila dawa yake ni rahisi: pimeni 90 kwa 10. Kwa kF ya 0.01, ukitaka uhakika unaokubalika kwenye fizikia (mara tano ya kuyumba kwa kawaida), unahitaji matukio kama milioni 2.3. Tukio moja kila sekunde mbele ya mtu, ni siku 27 usiku na mchana.

#7

Siku 27 natazama taa ikiwaka? Weka mshahara mezani nije.

#8

Mtaniwia radhi naingia kimyakimya, mimi ni mtu wa hesabu si wa fizikia. Kuna ufa kwenye nadharia hii kabla hata ya kwenda maabara.

Mleta uzi, umesema mtu anatazama matukio moja moja na asilimia 90 inakuwa 90.1. Sawa. Sasa mfiche matukio. Kompyuta ihesabu yote milioni 2.3, imwonyeshe jumla tu mwishoni. Kwa kanuni yako, kinachomfikia ni tokeo moja: namba ya jumla. Uwezekano wa kila jumla unapandishwa kipeo kidogo. Lakini ule mlima wa uwezekano wa jumla una kilele kwenye asilimia 90, na ukiupandisha kipeo, kilele hakisogei. Mlima unakuwa mwembamba kidogo tu. Kwa hiyo ukitazama moja moja unapata 90.1, ukitazama jumla unapata 90.

Umeona unachodai? Kwamba ukweli unategemea ukubwa wa fungu alilofunguliwa mtu. Kwa kipeo cha 2 hilo halitokei kamwe, na ndiyo maana kipeo cha 2 si namba ya kuchezea. Ni peke yake ambayo ukigawa tokeo vipande, vipande vikijumlishwa vinarudisha kile kile.

#9 (mleta uzi)

Mkuu, hili nimelisoma nikasimama nikatembea kidogo.

Lakini mbona hukuliita zawadi? Nilikuwa najiuliza kundi la ulinganisho litakuwa lipi, kwa kuwa hata data ya mashine mwishowe inasomwa na binadamu. Wewe umenipa: kundi moja wanaona kila tukio, kundi la pili wanaona jumla peke yake. Mashine ni ile ile, chanzo kile kile, na namba zinatakiwa zitofautiane. Madai machache ya fahamu na fizikia yamewahi kuwa na mtego ulio wazi hivyo.

Ukweli unaotegemea ukubwa wa fungu ni wa ajabu, sikatai. Ajabu si kosa la hesabu.

#8

Basi nikusogeze hatua moja, na hapa sidhani kama utatembea tu.

Chukua mwanga, upitishe kwenye kioo kinachogawa nusu kwa nusu. Njia ya kwanza iache iangukie nukta moja kwenye skrini. Njia ya pili itawanye kwa lenzi iangukie nukta 1000 sawasawa. Mtu anatazama fotoni moja moja, anaona nukta ipi imewaka. Kwa Born, njia hizi mbili bado ni nusu kwa nusu, kutawanya hakubadili kitu. Kwa kipeo cha 2.01, kila kipande kidogo kinaadhibiwa kwa kuwa kidogo. Jumla ya ile njia iliyotawanywa inashuka hadi 0.966 ya uzito wake wa awali. Badala ya asilimia 50 unapata takriban 49.1.

Tofauti hiyo inaonekana kwa fotoni kama 84,000. Zile siku zako 27 zimekuwa saa 23 na ushee.

#10

Na mimi nimalizie kazi ya #8, maana amekuwa na huruma.

Tengeneza jozi za fotoni zilizofungamana. Moja ipeleke kwa mtu A, nyingine kwa mtu B aliye mbali kabisa. Zimefungwa hivi kwamba A akipata "juu", B naye anapata "juu", na hali kadhalika "chini". Sasa A anaweka lenzi yake ya kutawanya kwenye njia ya "juu". Kwa nadharia ya kipeo, "juu" ya A inapungua uzito, kwa hiyo "juu" ya B nayo inapungua, papo hapo, hata kama B yuko nyota nyingine. A akitoa lenzi, namba za B zinarudi. Huo ni ujumbe. Unaupita mwanga njiani.

Fungamano lenyewe halibishaniwi tena. Mwanafizikia John Bell alionyesha 1964 jinsi ya kulipima, majaribio ya Clauser, Aspect na Zeilinger yakawapa Nobel mwaka 2022. Lakini Born wa kipeo cha 2 anafungamanisha chembe bila kuruhusu ujumbe kupita. Scott Aaronson alishaonyesha mwaka 2004 kwamba ukigusa kipeo hicho, unafungua mlango wa ujumbe wenye kasi kuliko mwanga, na kompyuta zenye nguvu za kupindukia juu yake. Mleta uzi hana vita na Born tu. Amemchokoza Einstein pia.

#3

Lakini fahamu haina umbali. Mimi sioni tatizo la ujumbe kufika papo hapo.

#10

Tatizo si kufika haraka. Kwenye nadharia ya uhusiano ya Einstein, ujumbe unaopita kasi ya mwanga kwa mtazamaji mmoja, kwa mtazamaji mwingine anayekwenda mwendo tofauti unaonekana umefika kabla haujatumwa. Ukiweka vituo viwili vya kurudishiana, unajibu barua kabla hujaipokea. Nieleze hapo fahamu inakaa upande gani.

#11

Kuna ile siku ya tarehe 30 Novemba 2016, zaidi ya watu 100,000 duniani walicheza mchezo wa simu na kompyuta wakibonyeza 0 na 1, na bonyezo zao zikatumika moja kwa moja kuchagua vipimo vya majaribio ya Bell kwenye maabara za mabara kadhaa. Matokeo yalitoka kwenye Nature mwaka 2018. Fahamu laki nzima iliingizwa kwenye mtambo na kwanta ikatoa namba zake za kawaida. Hii haikuui tayari?

#12 (mleta uzi)

@#11, jaribio zuri mno, lakini pale binadamu walichagua swali. Majibu yalipokelewa na vihisio, na F ya kihisio ni 0. Hata jaribio la nyufa tatu la Urbasi Sinha na wenzake kule Waterloo, Kanada, mwaka 2010, ambalo lilimpima Born moja kwa moja bila kupata hitilafu, lilitumia vihisio. Kwa hiyo k yangu bado haijaguswa na chochote mlichotaja. Najua hilo linasikika kama kukwepa. Ndiyo maana nasema apimwe mtu.

@#10, hapo sina pa kujificha na sitajificha. Nilifikiria kuifanya F iwe moja kwa ulimwengu mzima, ili A asiweze kuiwasha na kuizima, lakini lenzi ya #8 haijali F inatoka wapi; kipeo kikizidi 2 tu, kutawanya kunafanya kazi. Nilifikiria kusema kipeo kinabadilika kwa tukio la hapo hapo tu bila kumgusa B, lakini basi A na B wangeanza kutokubaliana kuhusu jozi iliyofungwa kukubaliana, na tungepata uhalisia wawili ambao haukutani. Hugh Everett, aliyesema matokeo yote hutokea, kila moja kwenye tawi lake la ulimwengu, mwaka 1957 alikuwa na ujasiri wa kwenda karibu na huko. Mimi naona ni bei kubwa kwa tofauti ya asilimia sifuri nukta moja.

Kwa hiyo nadharia inabaki na njia mbili tu: k ni kubwa kuliko sifuri na uhusiano wa Einstein una ufa, au k ni sifuri na fahamu haina mkono wowote kwenye uzito wa matokeo. Katikati hakuna chumba. Ukiniambia niweke dau, naweka kwenye sifuri, na naweka kubwa.

Ila bado nataka lipimwe. Saa 23 za kutazama nukta si kitu. Watu wanane, saa tatu tatu kila mmoja kwa vipindi vifupi, mashine iamue kwa siri lini lenzi ya kutawanya iwepo na lini isiwepo, na wachambuzi wasijue kundi lipi ni lipi hadi mwisho. Hata kwa k ndogo zaidi, ongeza vipande vya kutawanya na muda. Kila saa unayoongeza bila kuona kitu inaibana k karibu zaidi na sifuri. "Akili inaumba uhalisia" ya kwenye video za motisha haiwezi kubanwa hivyo hata ukipewa karne.

#5

Nimebadilika kidogo. Siiamini hata kwa dawa, lakini walau safari hii nimesoma uzi wa fahamu hadi mwisho.

Swali la kiufundi: umeme wa mwitikio wa ubongo unachukua muda. Mtu "anapokea" tokeo sekunde ngapi baada ya nukta kuwaka? Kama kompyuta imeshalirekodi kabla yake, kwa nini kipeo chake yeye kiwe na kauli?

#12 (mleta uzi)

Kwa nadharia, rekodi ya kompyuta bado ni orodha yenye uzito hadi mwenye fahamu aifikie. Ndiyo ile hoja ya Wigner, na inamaanisha lazima turuhusu uzito uhesabiwe upya nusu sekunde baada ya diski kuandika. Sipendi. Lakini inapimika pia: chelewesha kumwonyesha kwa sekunde, kwa saa, kwa mwezi. Nadharia inasema kuchelewesha hakubadili kitu. Ikitokea msogeo upo kwa waliotazama papo hapo na haupo kwa waliotazama mkanda wa jana, nadharia yangu imekufa na kuna kitu kingine kabisa kimezaliwa.

#7

Nimekubali saa tatu zangu. Swali moja: nikisinzia?

#12 (mleta uzi)

Utavaa kofia ya EEG muda wote. Ukisinzia macho yamefumba, nukta hazikufikii, hizo tunazitupa. Tunachokitaka zaidi ni ile hali ya katikati, macho wazi na kichwa hakipo. Hapo F imeshuka na nukta bado zinaingia, na msogeo wako unatakiwa upungue kwa kiasi kile kile F ilivyopungua. Kwa hiyo usinywe kahawa.